Bwawa la Kijiji Lisiuzwe Butura: Haki Katika Mnada wa Kukodisha Uvuvi

Mazungumzo ya Kamati ya Miradi mbele ya mkutano wa mwaka wa wanachama



Kamati ya Miradi imepewa nafasi fupi kuzungumzia jambo ambalo halimo katika orodha ya michango ya mwaka huu, lakini ndilo litakaloamua kama michango hiyo itazaa matunda au itaishia kwenye picha za uzinduzi.

Kila mwaka tunachangia madawati, mabati ya zahanati, saruji ya vyoo vya shule. Na kila mwaka wajumbe wanatoa rai ile ile: tusiishie kuvipelekea vijiji vyetu fedha, tuvisaidie vipate mapato yao wenyewe. Katika mapendekezo yanayorudi mara kwa mara, mojawapo ni mabwawa. Tuchimbe mapya au tufufue malambo ya zamani yaliyojaa tope, tupande samaki, kisha kijiji kikodishe uvuvi wake na kulipa mlinzi wa shule na dawa za zahanati bila kusubiri harambee. Ni wazo zuri na tunaliunga mkono. Ila tunauliza mapema: bwawa likishajaa maji na samaki, nani atavua? Kwa bei gani? Na nani katika kijiji atajua bei hiyo?

Sisi ni watu wa kahawa, hatuhitaji kufundishwa maana ya butura. Mkulima amebanwa na ada ya mtoto au ugonjwa nyumbani. Kahawa ingali maua mtini. Anakuja mwenye fedha, anatoa kiasi kidogo, na mavuno yote yanakuwa yake. Serikali imepiga vita butura katika mkoa wetu kwa miaka mingi, na wote tunajua kwa nini: anayeuza hana nguvu, hajui mavuno yatakuwaje, na hana mnunuzi wa pili wa kumlinganisha na wa kwanza.

Rasilimali ya kijiji nayo huuzwa butura, na habari hiyo wengi wenu mnaijua kwa sura moja au nyingine. Mtu mwenye fedha anafika kabla ya mvua, anaongea na viongozi wawili watatu, anatanguliza kitu kidogo, na wanakijiji wanakuja kushtuka wakati mlinzi wa mtu wasiyemjua anawafukuza bwawani. Tofauti iliyopo ni kwamba mkulima aliuza kahawa yake mwenyewe, lakini hawa wameuza samaki wa watu wote.

Dawa ya butura ni mnada wa wazi. Tunasema mnada wa haki, na neno haki ndilo lenye uzito, kwa sababu mtu kupaza sauti na kutaja bei mbele ya umati hakutoshi. Upo mnada wa wazi ambao bado ni dhuluma. Tutaeleza kwa nini.

Kwanza, kijiji kijue nini ni chake. Huwezi kukodisha usichokimiliki. Wazee wetu wa Biharamulo wanakumbuka enzi ambazo mialo ya Ziwa Victoria upande wa Chato ilikuwa ndani ya wilaya yetu. Chato ikawa wilaya yake, na mwaka 2012 ikaingia katika Mkoa mpya wa Geita. Ziwa Burigi nalo limo ndani ya Hifadhi ya Taifa ya Burigi-Chato iliyoanzishwa mwaka 2019 kutokana na mapori ya akiba ya Biharamulo, Burigi na Kimisi. Mtu akija kijijini kuwauzia uvuvi wa Burigi, anawauzia kisicho chake, na atakayekamatwa ni yule aliyelipa. Mto Ruvubu na Mto Kagera, vivyo hivyo, ni maji ya umma. Anayevua humo kwa biashara anahitaji leseni kwa Sheria ya Uvuvi Na. 22 ya mwaka 2003, na hakuna kijiji chenye mamlaka ya kumpangisha mtu kipande cha mto.

Kinachobaki ni lambo au bwawa lililochimbwa kwenye ardhi ya kijiji kwa nguvu za wanakijiji au kwa michango kama hii yetu. Hapo kijiji kina la kusema. Hata hivyo kuna milango ya kubisha kabla ya kuanza. Matumizi ya maji yanasimamiwa na Bodi ya Maji ya Bonde la Ziwa Victoria, na Afisa Uvuvi wa wilaya ndiye wa kueleza samaki gani wapandwe na nyavu gani zitumike. Kamati inashauri milango hiyo ibishwe kabla jembe la kwanza halijapigwa.

Pili, wanakijiji wenyewe ndio waamue kukodisha. Sheria ya Ardhi ya Vijiji Na. 5 ya mwaka 1999 inaiweka Halmashauri ya Kijiji katika nafasi ya mdhamini anayesimamia ardhi kwa niaba ya wanakijiji, na hairuhusiwi kugawa ardhi hiyo bila Mkutano Mkuu wa Kijiji kuridhia kwanza. Sheria ya Serikali za Mitaa ya mwaka 1982 nayo inaufanya Mkutano Mkuu kuwa chombo cha juu kabisa kijijini, na kila mkazi aliyetimiza miaka 18 ni mjumbe wake. Kwa hiyo swali la kwanza kuuliza si bwawa limekodishwa kwa shilingi ngapi. Ni hili: muhtasari wa Mkutano Mkuu ulioidhinisha uko wapi? Kama haupo, mazungumzo yaishie hapo.

Tatu, kijiji kijue thamani ya kinachokodishwa kabla ya kumsikia mnunuzi. Hapa ndipo tunapopigwa mara nyingi. Hebu tupige hesabu ya mfano, ili kila mmoja aone jinsi inavyofanyika. Tuseme bwawa linatoa kilo 1,500 za samaki kwa mwaka, na sato anauzwa shilingi 6,000 kwa kilo pale pale bwawani. Hiyo ni shilingi 9,000,000. Mpangaji ana gharama zake: vifaranga, chakula, mlinzi, nyavu, usafiri. Tuseme gharama hizo ni shilingi 5,000,000. Zinabaki 4,000,000. Kijiji kikipanga kwamba dau lianzie shilingi 1,500,000, mpangaji bado ana faida nzuri na kijiji hakidhulumiwi. Sasa akija mtu na shilingi 300,000 mkononi, hata bibi aliyekaa nyuma kabisa mkutanoni ana jibu la kumpa.

Kilo zenyewe zitajulikanaje? Kwa kuvua kwa majaribio siku kadhaa mbele ya Afisa Uvuvi, kupima kwenye mizani na kuandika. Ni kazi ndogo. Lakini kijiji kisichoifanya kinaingia mnadani kikiwa kipofu, na wanaojua siri ya bwawa ni wanunuzi peke yao.

Nne, tangazo liwafikie watu. Mnada uliotangazwa kwa karatasi moja kwenye mlango wa ofisi ya mtendaji, siku mbili kabla, ni wa siri hata kama ulifanyika uwanjani. Tunapendekeza siku zisizopungua 21. Tangazo lisomwe makanisani na misikitini, lipelekwe kwenye minada ya ng'ombe na kata za jirani, na lirushwe Radio Kwizera, ambayo watu wetu wanaisikiliza hata wakiwa shambani. Litaje ukubwa wa bwawa, muda wa kukodi, dau la kuanzia, masharti, na siku ya mnada. Masharti yasibadilike baada ya hapo kwa ajili ya mtu yeyote.

Kwa nini tunasisitiza watu wengi waje? Kwa sababu wanunuzi watatu wanaweza kunywa chai pamoja asubuhi, wakakubaliana nani apate na wengine wapoze madau yao. Mbele ya umati mnada utaonekana safi kabisa. Kinga yake ni mbili tu: dau la kuanzia linalotokana na hesabu, na wageni ambao hawakualikwa kwenye chai ile.

Tano, anayesimamia mnada asiwe na mkono ndani yake. Mwenyekiti, mtendaji, wajumbe wa Halmashauri ya Kijiji na jamaa zao wa karibu wasiingie kwenye dau. Kama mjumbe ana ndugu anayeshindana, aseme mapema na atoke mezani. Kila dau liandikwe ubaoni likitajwa, jina na kiasi, ili asiyesikia aone. Atakayeshinda atangazwe hapo hapo, na walioshindwa warudishiwe dhamana zao siku hiyo hiyo. Mkataba uandikwe kwa Kiswahili, mwanasheria wa halmashauri ya wilaya aupitie, na nakala ibandikwe mahali pa wazi.

Sita, na hapa tunaomba mtusikilize vizuri, mnada wa haki si lazima umpe ushindi mwenye fedha nyingi kuliko wote bila sharti lolote. Wenzetu wa mbali wameshalipa gharama ya somo hili.

Nchini Kambodia, tangu enzi za Wafaransa, maeneo ya uvuvi ya ziwa lao kubwa la Tonle Sap yaligawanywa kuwa vitalu na kukodishwa kwa mnada kwa vipindi vya miaka miwili. Kwenye karatasi ulikuwa mpango mzuri: mwenye dau kubwa anapata, Serikali inapata mapato. Lakini walioweza kulipa walikuwa wachache. Waliweka uzio na walinzi wenye silaha, kisha wakavikata vitalu vyao vipande vipande na kuvipangisha kwa wengine kwa bei ya juu zaidi. Mvuvi mdogo alijikuta ananunua kwa mtu wa tatu haki ya kuvua mbele ya nyumba yake. Malalamiko yalikuwa makubwa hata mwaka 2000 Serikali ikaamua kurudisha zaidi ya nusu ya maeneo hayo kwa wananchi, na mwaka 2012 ikafuta vitalu vyote. Bangladesh nao walikodisha mabwawa na maziwa madogo ya umma kwa mnada, wakaona yanaangukia mikononi mwa matajiri wasiovua. Sera yao ya mwaka 2009 inavipa kipaumbele vyama vya ushirika vya wavuvi vilivyosajiliwa.

Tusisome habari hiyo kama hoja ya kukimbia mnada. Hapa nyumbani vitalu vya uwindaji viligawiwa kwa miaka mingi kwa maamuzi ya ofisini, na kuanzia mwaka 2019 Serikali ikaanza kuviuza kwa mnada wa kielektroniki ili watu waone nani amepata na kwa bei gani. Mnada una faida yake. Somo la Kambodia ni kwamba bei ikiachwa peke yake, inasema nani ana fedha, haisemi nani ataliacha bwawa likiwa hai.

Kwa hiyo tunapendekeza vikundi vya wanakijiji viwekewe njia, na njia hiyo itangazwe kabla ya mnada. Dhamana ya kushiriki iwe ndogo, tuseme asilimia 5 ya dau la kuanzia. Malipo yaruhusiwe kwa awamu mbili, na awamu hizo ziwe sawa kwa wote. Kikundi cha vijana au akina mama wa kijiji kikizidiwa na mgeni kwa kiasi kisichofika asilimia 10, kipewe nafasi moja ya kulifikia dau lake. Vikundi vyetu vinaweza kuomba mikopo ya asilimia 10 ya mapato ya halmashauri, ambayo imetengwa kwa wanawake, vijana na watu wenye ulemavu, lakini ni lazima vijiandae miezi kadhaa kabla. Ukisubiri siku ya mnada umechelewa.

Kisha mkataba uwe na meno. Ukimpa mtu mwaka mmoja tu, mwezi wa kumi na mbili atakomba hata vifaranga, kwa sababu mwakani bwawa si lake. Heri miaka mitatu, na Halmashauri ya Kijiji pamoja na Afisa Uvuvi wakague kila mwaka. Mpangaji asipangishe mtu mwingine. Asitumie kokoro, sumu wala nyavu za macho madogo. Arudishe bwawa likiwa na samaki, na kiasi kiandikwe tangu mwanzo.

Na watu wasisahau kwamba bwawa ni maji kabla halijawa samaki. Mwaka 1994, wakimbizi kutoka Rwanda walipovuka Rusumo kwa mamia ya maelfu katika muda wa siku moja hivi, wengi walikaa Benaco, na bwawa lililokuwa pale ndilo lililowanywesha. Waliokuwa wakubwa wakati ule wanajua thamani ya maji yaliyosimama mahali pamoja. Kwa hiyo mkataba utaje upande ambao ng'ombe watanywa, mahali ambapo akina mama watachota, na siku ambazo watoto na wazee wanaweza kutupa ndoano kwa ajili ya kitoweo cha nyumbani. Yasipoandikwa, mpangaji atasema amelipia bwawa lote, na kwa maandishi atakuwa na haki.

Saba na mwisho, fedha. Wazee walisema mali bila daftari hupotea bila habari. Mnada unaweza kuwa safi tangu tangazo hadi saini, kisha fedha zikayeyuka kati ya mkono na mkono. Malipo yaingie akaunti ya kijiji kwa njia rasmi, na risiti itoke. Hakuna fedha taslimu kwa mwenyekiti, hakuna ya soda, hakuna ya mafuta ya pikipiki. Sheria inataka Mkutano Mkuu wa Kijiji ukutane walau kila miezi mitatu, na mapato na matumizi yasomwe hapo. Fedha ya bwawa isomwe kwa jina lake, isifichwe ndani ya mapato mengineyo: imeingia kiasi gani, imetoka kiasi gani, imenunua nini. Mtoto akiona dawati limeandikwa kwamba limetokana na bwawa, baba yake hatakubali bwawa liuzwe usiku.

Ndugu zetu, mtu anaweza kuuliza: haya si mambo ya kijiji na Serikali? Chama cha watu waliotawanyika Dar es Salaam, Mwanza na kwingineko kinaingiaje? Tunaingia kwa sababu mbili. Ya kwanza, fedha itakayochimba bwawa ni yenu, na mchangaji ana haki ya kuweka sharti kabla ya kutoa. Ya pili ni nyeti zaidi. Baadhi yetu tuliopo hapa tuna uwezo wa kwenda kushindania mabwawa hayo. Si kosa mtu kuwekeza kwao. Lakini asitangulize simu kwa mwenyekiti ambaye ni binamu yake, kisha Jumapili akaja hapa kuchangia madawati. Mwanachama atakayetaka kukodi, apange foleni uwanjani kama wengine, na aiambie kamati yetu mapema ili asikae kwenye kikao kitakachopanga masharti.

Kamati inaomba mambo matatu yapitishwe leo. Moja, kwamba mradi wowote wa bwawa tutakaouchangia usipewe fedha za kuchimba mpaka tuone muhtasari wa Mkutano Mkuu wa Kijiji unaokubali mradi huo pamoja na utaratibu wa mnada wa wazi. Pili, kwamba sehemu ya mchango wa kila bwawa itengwe kwa ajili ya kupima mavuno, kutangaza mnada, na kumleta Afisa Uvuvi na mwanasheria. Ni sehemu ndogo, lakini bila hiyo sehemu kubwa itapotea. Tatu, kwamba kijitabu chetu cha kila mwaka, kama hiki mtakachokwenda nacho nyumbani, kichapishe kwa kila bwawa tulilochangia: dau la kuanzia, madau yote yaliyotolewa, aliyeshinda, na fedha iliyosomwa mkutanoni. Ukurasa mmoja unatosha.

Fomu za ahadi ziko mezani. Atakayechagua kuchangia mabwawa, aandike pembeni ya kiasi chake maneno haya matatu: mnada wa wazi. Mhazini ameagizwa kuyahesabu kuwa ni sharti la fedha hiyo. Mwaka ujao tutakapokutana, kabla hatujawaomba hata shilingi moja, tutaanza kwa kuwasomea madau yaliyotolewa.